Mnara Uliobaki Mlangoni

Sehemu ya tisa

Kijiko kiligonga ukingo wa kikombe, kikatulia.

Sauti ndogo kiasi hicho ndiyo iliyomwamsha Mwanaisha, pale pale gizani tulipomwacha wiki iliyopita. Na msidhani ulikuwa usiku. Ulikuwa mchana wa Alhamisi, jua la Doha linachoma lami huko nje, lakini katika nyumba ile ya Fereej Bin Mahmoud madirisha yamezibwa kwa karatasi za foili ili Abubakari, anayefunga minyororo ya kreni zamu za usiku kule Lusail, apate usingizi. Mwanaisha alikuwa ameruhusiwa kazini kwa kuumwa kichwa. Aliona haya kumwamsha mumewe, akajilaza kwenye kitanda kidogo cha binti yao, nyuma ya pazia. Hakuna aliyejua yumo ndani.

Sasa, Abubakari hakorogi chai. Tangu waoane hajawahi kushika kijiko. Chai yake humfikia imeshakorogwa.

Nani anamkorogea?

"Nimezidisha tangawizi, kama unavyopenda," mwanamke alisema kwa sauti ya chini.

Mwanaisha aliijua sauti ile papo hapo. Khadija. Shoga yake wa tangu Tanga, mpangaji wa chumba cha pili, mtu anayemchukua Husna shuleni siku zote ambazo Mwanaisha ana darasa la jioni. Alitaka kujicheka kwa wasiwasi wake. Jirani kumpa chai mtu aliyekesha kazini ni kosa gani?

Kisha Khadija akauliza, "Umeshamwambia?"

"Bado."

"Tunasafiri Jumanne, mume wangu."

Mume wangu. Kichwa cha Mwanaisha, kilichokuwa kikimgonga tangu asubuhi, kilinyamaza kabisa.

Abubakari alijibu taratibu, kama anavyozungumza akimbembeleza mtoto. Alimwambia asiwe na shaka. Jumatatu jioni atamweleza Mwanaisha kwamba viza yake imechelewa kidogo, kwamba wao watangulie na yeye awafuate. Ataamini, alisema. Mwanaisha huamini.

Kwa anayeanza nasi leo, safari yenyewe ni ya Roma. Kwenye ukumbi mmoja wa maonyesho huko West Bay imesimamishwa mifano ya minara ya Misri ya kale, ile ya jiwe moja refu, pande nne, ncha imechongoka, ambayo Warumi waliing'oa, wakaivusha bahari na kuisimamisha mjini kwao, na ipo huko hadi leo. Abubakari ndiye aliyeongoza kuiinua mifano hiyo. Kampuni iliyoileta kutoka Roma iliipenda kazi yake, ikamwita akafanye kazi huko yeye na familia yake. Na Mwanaisha ndiye anayewasimulia watoto wa shule habari za minara hiyo ukumbini. Aliingia pale kama mfagiaji; akasoma jioni, akachekwa, akasoma, mpaka akapewa kipaza sauti. Wiki nzima amekuwa akikunja masweta. Baba, mama, mtoto. Ndivyo alivyoambiwa, na ndivyo alivyomwambia kila aliyemuuliza.

Alivuta pazia.

Khadija alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda kikubwa, begani amejitupia kanga ya Mwanaisha, ile aliyoiazima juzi. Hakuna aliyeruka wala aliyepiga kelele. Abubakari aliweka kikombe sakafuni kwa uangalifu, kama kitu kinachoweza kulipuka.

"Mama Husna, kaa kwanza."

Hakukaa. Aliuliza tangu lini. Akajibiwa ni tangu likizo ya mwaka jana, pale Abubakari alipokwenda Tanga kumzika mjomba wake. Ndoa ilifungwa baada ya arobaini, watu wachache, bila ngoma. Khadija naye alikuwa likizo mwezi ule ule, na Mwanaisha mwenyewe ndiye aliyemkalia juu ya sanduku ili lifungike. Alimpa na manukato ampelekee mama.

"Kuoa si dhambi," Khadija alisema. "Wewe ndiye bi mkubwa. Heshima yako iko pale pale, sijaigusa."

"Mmenificha."

"Hukufichwa, shoga. Ulipozwa. Ule mkufu aliokuja nao kutoka likizo ulidhani wa nini?"

Mkono wa Mwanaisha ulikwenda shingoni wenyewe.

Kwao, mume akioa mke wa pili humletea wa kwanza kitu cha kumpoza, na mke akikivaa mbele za watu, maneno yameisha. Ameridhia. Mwanaisha alidhani mkufu ule ni mapenzi. Aliuvaa siku ile ile. Alikwenda nao mbio chumba cha pili kumwonyesha shoga yake, na Khadija ndiye aliyemfungia kishikizo nyuma ya shingo, akamwambia amependeza.

Alijaribu kuuvua. Kishikizo kilikwama. Akauacha.

Akauliza la Roma. Kwa nini wasiende wote, kama ndoa ni halali na heshima iko pale pale?

"Kule wanapokea mke mmoja tu," Abubakari alisema.

Halafu akaeleza, na ubaya wake ni kwamba alieleza vizuri. Mkataba wa Khadija hotelini umekwisha, hana wa kumdhamini, mwezi ujao atarudishwa. Mwanaisha ana kazi, ana kibali chake mwenyewe, ana jina pale ukumbini. Alisema amepima, kama anavyopima mzigo kabla ya kuunyanyua.

"Wewe unaweza kusimama peke yako. Huyu hawezi."

Mwanaisha alimtazama Khadija, mwanamke aliyemwona akibishana na wenye nyumba wawili kwa mpigo na kuwashinda wote. Hawezi kusimama.

"Na Husna?"

Jirani wa juu alivuta kiti. Abubakari alikuwa anatazama chai yake.

"Husna anakwenda na baba yake."

Basi hilo ndilo lililokuwa ndani ya kifungashio. Mke wa pili angemeza, pengine, kwa machozi na kwa muda. Wanawake wa kwao wamemeza. Lakini mtoto wa miaka sita, anayelala mguu mmoja juu ya tumbo la mama yake?

Abubakari aliharakisha. Kule kuna shule bila ada, kuna bustani, kuna hospitali. Mambo yakitulia atamwita na yeye.

"Utaniita kama nani?"

Abubakari aliinama akaokota kikombe chake.

Mwanaisha alivaa abaya, akatafuta viatu kwa miguu gizani. Mlangoni sauti ya Khadija ilimfuata, tamu vile vile kama ya kila siku.

"Usijisumbue kukimbia, bi mkubwa. Huyo mtoto nimemlisha mimi jioni zote ulizokuwa unasoma. Ananijua."

*

Kila siku ya kazi Mwanaisha husimama mbele ya mfano wa mnara mrefu kupita yote, watoto wamekaa chini kwa mistari, na huwaambia kwamba Wamisri mara nyingi hawakusimamisha mnara mmoja. Walisimamisha miwili, kulia na kushoto kwa mlango wa hekalu. Wageni walipokuja wangeweza kubeba mmoja, na mwenzake akabaki palepale, kalinda mlango peke yake. Hakosekani mtoto wa kuuliza kwa nini hawakubeba yote. Yeye huwajibu kuwa ilikuwa mizito.

Ndani ya teksi aliona kwamba lile halikuwa jibu. Walibeba mmoja kwa sababu mmoja uliwatosha.

Simu ililia na kulia kwenye mkoba. Baba Husna. Baba Husna. Baba Husna. Hakuigusa.

Shuleni alifika kabla hawajafungua lango. Alisubiri na madereva na mayaya, kivuli chembamba cha ukuta wamegawana wote, na kila gari jeupe lililokata kona aliliona ni la Abubakari. Lango lilipofunguliwa, Husna alitoka amevaa mkoba kifuani kama anavyopenda, akamwona, akapiga kelele ya furaha. Mama! Leo si siku ya anti Khadija?

"Leo ni siku yangu," Mwanaisha alimwambia, akamnyanyua juu juu na mkoba wake.

Njiani mtoto hakunyamaza. Alitaka kujua kama Roma kuna paka. Alitaka kujua kama ule mnara ulioanguka zamani ukavunjika vipande vitatu, ukafunikwa na tope mpaka watu wakausahau, kisha ukafukuliwa na kuungwa, je, ile mishono inaonekana? Atakapofika ataigusa. Aliwaambia wenzake darasani kwamba ataigusa. Mwalimu amesema awaletee picha.

Mwanaisha aliitazama barabara. Hizi hadithi ni zake yeye. Usiku kwa usiku, mwaka mzima, alizifanyia mazoezi sikioni mwa mtoto kabla ya kuwasimulia wageni ukumbini. Jiwe lililosafiri baharini limelala chali. Watu mamia na farasi na kamba, jiwe likanyanyuka polepole kama mzee anayeinuka kutoka mkekani. Kule kibarazani kwao Husna amejenga Roma nzima kwa maboksi ya labani, yale maziwa mgando ya huku, na kila boksi lina jina.

Yeye ndiye aliyeipanda Roma moyoni mwa mtoto. Wao wanakuja kuvuna tu.

*

Hakuwa na pa kwenda isipokuwa ukumbini.

Phyllis, msimamizi wake, mama wa Kikenya mwenye sauti ya kanisani na viatu vya raba, alimtazama mara moja tu. Alimketisha Husna chini ya mfano mmojawapo, akampa rangi na karatasi, akamvuta Mwanaisha hadi kwenye ngazi za dharura. Hapo Mwanaisha akasema yote, na alipomaliza akawa analia bila sauti, kama watu wanaoishi vyumba vya kupangisha wanavyojifunza kulia.

"Sawa. Lia kidogo, halafu unisikize," Phyllis alisema. "Huyo mtoto hawezi pewa viza ya huko kama mamake hajakubali. Lazima mama mwenyewe asimame pale dirishani aseme. Mimi nimepitia hiyo mambo na wangu."

Mwanaisha aliinua uso. Moyo wake, ambao ni mwepesi wa kutumaini hata pasipofaa, ulikuwa umeshasimama wima. Hawawezi kumchukua. Hawawezi.

Halafu akakumbuka.

Mwezi uliopita Abubakari alimpeleka kwenye ofisi ya viza, ghorofa ya juu, hapa hapa West Bay. Alimwambia avae vizuri. Walikwenda watatu, wameshikana mikono, Husna katikati akining'inia. Dirishani waliulizwa mambo mengi na Abubakari akayajibu yote, kwa kuwa ndivyo walivyozoea; penye ofisi mume husema, mke huitikia. Mwishoni mtu wa dirishani alimgeukia yeye. Unakubali mtoto wako asafiri? Yeye akacheka kwa furaha. Swali gani hilo, na yeye mwenyewe atakuwa kiti cha pembeni?

"Nilisema nakubali," alimwambia Phyllis. "Dada, nilisema kwa mdomo wangu. Nikasema asante."

Phyllis akatoa simu.

"Kwani ni nani alisema hauwezi badilisha?"

Kumbe dirisha lile lina mtu ambaye Phyllis anamjua. Carolyne, wa kwaya. Waliongea haraka, Kiswahili na Kiingereza vikigongana, na Phyllis alipokata simu alikuwa ameshavaa mkoba begani. Mama akija mwenyewe na kusema hakubali, viza ya mtoto inasimamishwa pale pale. Lakini iwe leo. Kesho Ijumaa wamefunga, na baada ya hapo hakuna wa kuhakikisha kitu.

Hapo, msomaji, Mwanaisha akafanya jambo ambalo wewe na mimi tusingelifanya. Alimpigia Abubakari. Alimwambia waendako, akamwambia aje.

"Umerogwa?" Phyllis alimuuliza. "Unamwita wa nini?"

"Aje asikie. Mimi simwibii mtu mtoto wake nyuma ya pazia."

*

Ofisi ilikuwa baridi kama friji la nyama. Viti vya bluu vimejaa watu wenye bahasha. Carolyne, msichana mrefu aliyefunga nywele nyuma, aliwaita dirisha la mwisho, akauliza kama huyu ndiye mama wa mtoto, akakitazama kitambulisho, akautazama uso.

Ndipo mlango ukafunguka.

Abubakari aliingia na nguo alizolalia, macho mekundu. Na Khadija nyuma yake. Khadija amevua ile kanga, amevaa abaya jipya, na mkononi amebeba kitu chekundu kimekunjwa.

Hakumsemesha Mwanaisha. Alipita pembeni yake, akachuchumaa mbele ya Husna, akakikunjua. Koti. Koti la kweli la baridi, jekundu, lina kofia yenye manyoya pembeni na vifungo kama peremende.

"Njoo ujaribu, mwanangu. Limefika leo."

Husna alitazama koti, akamtazama mama yake kuomba ruhusa. Mtoto hajui lolote. Kwake hawa ni watu wake wote wamekuja pamoja mahali pamoja, na Jumanne inakaribia. Mwanaisha angesema nini mbele ya watu wale? Akatikisa kichwa kukubali. Mikono midogo ikaingia mikononi mwa koti.

Phyllis alisonya kwa nguvu mpaka mzee wa kiti cha mbele akageuka. "Huyu dada ni noma," alisema, bila kujali nani anasikia.

Abubakari alikaribia dirishani. Alianza kumweleza Carolyne kwamba yeye ndiye baba na kwamba mambo haya yalishakubaliwa. Carolyne alimsikiliza mpaka mwisho, kwa adabu, mikono imekunjwa.

"Mambo ya ndoa zenu siyajui, na hapa si mahali pake," alisema. "Ninachojua ni hiki. Mtoto hasafiri bila mama kukubali. Mama alikubali. Akikataa sasa, mtoto hatoki. Ni neno lake tu." Akamgeukia Mwanaisha. "Sijui kama umenielewa, mama. Ni neno lako."

Abubakari aliinamisha kichwa karibu na sikio la mkewe. Hakuwa mkali. Afadhali angekuwa mkali.

"Nichukie mimi, Mwanaisha, nastahili. Lakini kumbuka ulivyosota wewe kupata hilo darasa. Umri huu, na mtoto mgongoni. Yeye ataanza asubuhi, akiwa mdogo, bila kuchekwa na mtu. Utamnyima kwa sababu ya hasira yako na mimi?"

Alijua pa kugusa. Mume wa miaka minane anajua jiwe limeshikiliwa na kamba ipi.

Mwanaisha alishika ukingo wa dirisha. Aliwaza vitabu vyake vya jioni chini ya godoro. Aliwaza kibaraza bila maboksi ya labani. Aliwaza Khadija akiukunja mguu wa Husna chini ya blanketi, huko, kila usiku, na mtoto akizoea kidogo kidogo, kwa sababu watoto huzoea. Akakaza kifua. Neno alikuwa nalo tayari. Silabi nne, hata mtoto wa chekechea anaweza kulisema.

"Unakubali ama hukubali?" Carolyne aliuliza.

Mwanaisha alivuta pumzi.

Kitu kilimvuta abaya. Alitazama chini. Husna alikuwa amefunga vifungo vyote mwenyewe, kimoja kimekosea tundu. Kofia imemfunika mpaka kwenye nyusi, jasho limeanza kumtoka puani hata kwenye baridi ile, na uso wake ulikuwa unang'aa kama wa mtu aliyekwisha kufika. Aliukamata mkono wa mama yake kwa mikono miwili, na kwa ile sauti safi anayosomea darasani, ofisi nzima ikasikia:

"Mama, mimi nataka kwenda Roma."